Mzigo wa Lugha Mbili: Kiswahili na Mwanafunzi wa Programu Kule Budalang'i

Utangulizi

Wahenga walinena kuwa usipoziba ufa utajenga ukuta. Wakazi wa Budalang'i, katika kaunti ya Busia magharibi mwa Kenya, hawahitaji kufafanuliwa methali hii. Mto Nzoia, baada ya kusafiri takribani kilomita 257 kutoka nyanda za juu, humalizia safari yake kwao kabla ya kumwaga maji katika Ziwa Victoria. Kingo zake zimeinuliwa kwa matuta ya udongo. Tuta likipata ufa, maji huingia mashambani, nyumbani na madarasani. Ndivyo ilivyokuwa mwaka 2007, ikawa tena mwaka 2008, na ikarudi kuwa mwaka 2020 ambapo ziwa lenyewe nalo lilifura. Katika misimu kama hiyo shule hugeuka kambi za waliohamishwa, na kalamu huwekwa chini.

Upo ufa mwingine ambao hauonekani kwa macho, nao uko ndani ya elimu anayopewa mtoto wa Budalang'i pindi maji yanapotulia na masomo kurejea. Siku hizi mtoto huyo anaambiwa kwamba, pamoja na kusoma, kuandika na kuhesabu, sharti ajue pia kuandika programu za tarakilishi. Wito huo ni mwema. Hata hivyo, mtoto anapoketi mbele ya kiwambo kwa mara ya kwanza hutwikwa mzigo wa lugha mbili kwa mkupuo mmoja: lugha ya programu yenyewe, na Kiingereza ambacho ndani yake lugha hiyo imefichwa. Makala haya yanashikilia kwamba mzigo wa pili si wa lazima, kwamba Kiswahili kina uwezo wa kuutua, na kwamba wanaostahili kulaumiwa kwa kutoutua ni wanakiswahili kabla ya mtu mwingine yeyote.

Hali Ilivyo

Kenya haijakaa kitako katika jambo hili. Mwaka 2013 serikali iliahidi vipakatalishi kwa watoto wanaoanza shule ya msingi. Ahadi hiyo ilikuja kutekelezwa kwa sura nyingine kuanzia mwaka 2016, ambapo vishikwambi zaidi ya milioni moja vilisambazwa katika shule za umma. Mtaala wa umilisi uliofuata ukautaja ujuzi wa kidijitali kuwa mmoja wa umilisi wa kimsingi. Mnamo Aprili 2022 Taasisi ya Ukuzaji Mitaala ya Kenya iliidhinisha silabasi ya uandishi wa programu kwa shule za msingi na za upili. Kwa maandishi, basi, mtoto wa Port Victoria na mtoto wa Nairobi wanasimama pamoja kwenye mstari wa kuanzia mbio.

Ila mstari huo si mmoja. Mtoto wa Budalang'i kwa kawaida huzungumza Kinyala nyumbani. Afikapo sokoni, kwenye ufuo wanakotua wavuvi, au katika miji ya mpakani ya Busia na Malaba ambako Wanyala, Wasamia, Wateso, Wajaluo na ndugu kutoka Uganda hukutana, hushika Kiswahili. Darasani, baada ya miaka michache ya mwanzo, huhamishiwa Kiingereza. Kwake Kiingereza ni lugha ya mtihani. Hakitumii kumwambia mwenzake ajihadhari na kiboko, hakitumii kupatana bei ya mbuta, wala hakitumii kueleza jinsi tuta lilivyopasuka usiku.

Mwanafunzi huyo anapofunguliwa somo la kwanza la Python, ambayo ni mojawapo ya lugha zinazopendwa sana kwa kufundishia wanaoanza, hukutana na maneno kama vile `if`, `else`, `while` na `for`. Akikosea alama moja, mashine humjibu kwa Kiingereza kigumu kuliko kile cha kitabu chake cha darasani. Aliyezaliwa na lugha hiyo huusoma ujumbe huo akajua kwamba amesahau nukta mbili. Mwenzake wa Budalang'i huona maandishi mekundu, akadhani ameharibu mali ya shule, akaondoa mkono kwenye baobonye. Kosa lao ni moja. Fundisho walilopata ni tofauti. Wa kwanza amejifunza kusahihisha, wa pili amejifunza kuogopa.

Lugha ya Mashine na Lugha ya Maelezo

Yafaa kuondoa dhana moja iliyoenea, kwamba tarakilishi "inajua Kiingereza". Tarakilishi haijui lugha ya binadamu yeyote. Maneno yaliyo katika lugha za programu ni makubaliano ya waliozitunga, ambayo programu nyingine huyageuza kuwa mfululizo wa tarakimu. Guido van Rossum, aliyeitoa Python kwa umma mwaka 1991, ni Mholanzi. Alitumia maneno ya Kiingereza kwa sababu ndiyo yaliyokuwa mazoea ya taaluma yake, na mashine isingalalamika kama angetumia ya Kiholanzi.

Ushahidi wa jambo hili ni wa zamani. Katika miaka ya 1950 Grace Hopper, mwanahisabati wa Marekani aliyekuwa miongoni mwa waasisi wa lugha za programu, aliwaonyesha wakuu wake programu ileile ikiwa imeandikwa kwa maneno ya Kiingereza, kisha ya Kifaransa, kisha ya Kijerumani. Kama alivyokuja kusimulia baadaye, wakuu hao walifadhaika. Waliona haiwezekani mashine iliyoundwa Marekani ikafahamu lugha za wageni! Kwa mashine, badiliko lile halikuwa na uzito wowote. Uzito ulikuwa katika vichwa vya watu.

Tangu hapo wengine wamelithibitisha hilo kwa vitendo. Mwaka 2013 Ramsey Nasser alionyesha lugha ya programu iitwayo Qalb, ambayo maneno yake yote ni ya Kiarabu. Huko Uholanzi, Felienne Hermans aliianzisha lugha ya Hedy mwaka 2020 ili watoto waanze kuandika programu kwa lugha zao na kusogea hatua kwa hatua kuelekea Python. Scratch, chombo cha kufundishia watoto kilichotolewa na chuo cha MIT cha Marekani mwaka 2007, kinaweza kuonyeshwa kwa Kiswahili. Tena, neno lenyewe "algorithimu", linalomaanisha hatua za kutatua tatizo kwa utaratibu, limetokana na jina la al-Khwarizmi, mwanachuoni wa Baghdad wa karne ya 9. Elimu hii haikuzaliwa Kiingereza, basi hakuna sababu ya kuidhania kuwa mali ya Kiingereza.

Je, ina maana kwamba wanakiswahili waitafsiri Python nzima? La. Matoleo yake ya sasa yana maneno maalumu 35 tu. Mwanafunzi aliyekariri majina ya wachezaji wa timu mbili za kandanda hashindwi na maneno 35. Kinachomshinda ni maelezo yanayoyazunguka: lipi hufanya nini, kwa nini, lini, na likikataa afanyeje. Maelezo hayo ndiyo yanayopaswa kuwa kwa Kiswahili.

Mfano upo mlangoni pa kila mtu. Fundi wa pikipiki kule Busia humfundisha mwanagenzi wake kwa Kiswahili, ingawa anashika plagi, kabureta na breki. Mtangazaji wa redio husema kona, penalti na refa, na bado msikilizaji huuona mpira kwa Kiswahili. Maneno machache ya mkopo hayajawahi kuizuia lugha kueleza dunia. Linaloizuia ni kutotumiwa.

Mfano wa Mto Nzoia

Kisa kitafafanua zaidi. Huko Rwambwa, juu kidogo ya uwanda wa Budalang'i, kuna kituo cha kupimia kina cha Mto Nzoia. Vipimo vya mto huu husaidia kutabiri mafuriko, na idhaa ya jamii ya Bulala FM, iliyoanzishwa kwa ushirikiano na Idara ya Hali ya Hewa, imekuwa ikiwafikishia wakazi maonyo. Kazi hiyo yote, kuanzia kupima hadi kutangaza, ni algorithimu ambayo kila mtoto wa pale anaielewa kabla hajaigusa tarakilishi. Kwa Kiswahili cha kawaida husemwa hivi:

Pima kina cha maji.
Ikiwa kina kimezidi kipimo cha hatari, toa onyo.
La sivyo, subiri saa moja, kisha upime tena.

Mwanafunzi akishaisema kwa kinywa chake, akaigiza na wenzake, mmoja akiwa mpimaji, mmoja akiwa mashine na mmoja mtangazaji, kuiandika kwa Python ni hatua fupi:

`if kina > hatari:`
`    toa_onyo()`

Katika mistari hiyo miwili, neno la kigeni ni moja tu. Majina ya vitu na ya vitendo huchaguliwa na mwandishi wa programu, na Python haikatai jina la Kiswahili. Uhuru huo upo tangu zamani na haungojei idhini ya baraza lolote, lakini wanaofundishwa kwa vitabu vya Kiingereza huiga hata majina ya vitu wasivyovijua.

Kuna mahali ambapo Kiswahili humsaidia anayeanza kuliko Kiingereza chenyewe. Alama ya `=` huwasumbua wanafunzi duniani kote. Katika hisabati huashiria usawa. Katika Python huashiria amri ya kuweka thamani. Mwanafunzi anapoona `kina = kina + 1` hudai kwamba huo ni uongo, maana hakuna namba iliyo sawa na yenyewe ikiongezwa moja. Yuko sahihi kwa hisabati aliyofunzwa. Kiswahili kina njia nyepesi ya kumtoa hapo, nayo ni sarufi. "Kina ni" hutaja hali. "Kina kiwe" hutoa agizo. Mstari ule husomwa: kina kiwe kina cha awali kikiongezwa moja. Dhamira tegemezi, ambayo wanafunzi wa isimu huichambua kwa ajili ya mtihani kisha wakaisahau, inatenganisha kwa silabi moja jambo ambalo walimu wengine hulieleza kwa saa nzima.

Vivyo hivyo, "ikiwa" huuliza mara moja, "maadamu" huuliza tena na tena mpaka hali ibadilike, na "kwa kila" hupitia orodha kitu kimoja kimoja. Haya ndiyo masharti na vitanzi vya kila lugha ya programu, nayo yamo katika Kiswahili tangu jadi. Haikuhitajika warsha ya kuyabuni. Kinachohitajika ni uangalifu wa kuyachagua. "Kama", mathalani, halifai sana kumfundishia anayeanza kwa kuwa hubeba maana ya sharti na ya mfanano pamoja. Kiambishi "-ki-" nacho hubeba sharti katika "akija nitamwona" lakini hubeba wakati katika "nilimwona akija". Mwalimu anayezijua tofauti hizi atamkinga mwanafunzi asichanganyikiwe. Na nani anazijua kuliko mhitimu wa Kiswahili?

Arudhi na Uandishi wa Programu

Wapo watakaosema kwamba mambo haya ni ya watu wa sayansi, na kwamba mwanafasihi hana lake hapo. Dai hili halisimami. Mwanafunzi wa Kiswahili wa shule ya upili nchini Kenya hufundishwa arudhi za ushairi. Huambiwa kwamba ubeti wa utenzi aghalabu una mishororo minne, kila mshororo mizani minane, mitatu ya kwanza ikitosheka kwa kina kimoja na wa nne ukibeba bahari inayorudi katika kila ubeti hadi tamati. Mizani ikipungua moja, utenzi umechechemea, na msikilizaji huisikia kasoro hata kama hawezi kuitaja.

Hiyo ndiyo nidhamu ya programu. Alama ikikosekana, kazi nzima husimama. Bahari ya utenzi ni kitanzi: utaratibu mmoja unaorudiwa kwa kila ubeti, maneno yakibadilika na kanuni ikibaki. Mwanafunzi aliyewahi kuhesabu mizani kwa vidole anajua tayari kwamba uhuru wa kutunga hupatikana ndani ya sheria kali. Hana haja ya kuambiwa hivyo kwa lugha asiyoimudu. Anachohitaji ni mtu wa kumwonyesha kwamba ujuzi alio nao katika somo moja ni ufunguo wa somo jingine.

Kadhalika, tamthilia humfunza kutofautisha mazungumzo ya wahusika na maelekezo ya jukwaani. Programu ni maelekezo matupu kwa mwigizaji asiye na fikira, asiyekisia na asiyesamehe. Ukimwambia atoke nje bila kumwambia afungue mlango, atagonga ukuta. Zoezi la kumwelekeza mwenzake avuke darasa akiwa amefumba macho linatosha kumfundisha mtoto ukweli huu, bila umeme na bila kishikwambi. Huko New Zealand, Tim Bell na wenzake walianza tangu miaka ya 1990 kutunga michezo ya aina hii ya kufundishia sayansi ya tarakilishi pasipo tarakilishi. Kwa shule ambayo vifaa vyake vimo kabatini, au ambayo kabati lenyewe liliwahi kuogelea, njia hii si ya kudharauliwa. Lakini michezo huendeshwa kwa maneno, na maneno hayo yakiwa ya kigeni, mchezo hugeuka mtihani.

Pingamizi na Majibu Yake

Pingamizi la kwanza ni kwamba Kiingereza ndicho lugha ya taaluma hii ulimwenguni, hivyo kumwanzisha mtoto kwa Kiswahili ni kumchelewesha. Kwa kweli vitabu vingi na mijadala mingi ya waandishi wa programu viko kwa Kiingereza, na mwanafunzi atakayeifanya kazi hii kuwa riziki yake sharti akijue. Hakuna anayekana hilo. Ila kuna tofauti kati ya mwisho wa safari na mwanzo wake. Aliyekwisha kufahamu kitanzi ni nini kwa lugha anayoimudu atakitambua kikija kwa jina lolote. Asiyekifahamu hata kwa jina moja hatasaidiwa na kukariri jina la Kiingereza. Anayedai kwamba anawahi kwa kuruka hatua ya ufahamu amewahi kufika pasipo kitu mkononi.

Pingamizi la pili ni uhaba wa istilahi. Hili lilikuwa na nguvu zaidi zamani. Mwaka 2004 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, wakishirikiana na wenzao wa Sweden, walitoa Jambo OpenOffice, programu ya ofisini yenye sura ya Kiswahili. Mwaka 2005 kampuni ya Microsoft nayo ilitoa Windows XP yenye sura ya Kiswahili. Kazi hizo ziliacha hazina kubwa ya istilahi. Upungufu wake ni kwamba ziliutafsiri uso wa mashine tu: vitufe, menyu na ujumbe. Zilimwezesha mtu kutumia kilichotungwa na wengine, wala hazikumfundisha kutunga chake.

Tena, historia ya mpaka wa Busia inafundisha namna istilahi inavyozaliwa. Inasimuliwa kwamba neno "bodaboda" lilitokana na waendesha baiskeli waliowabeba wasafiri kutoka kituo cha forodha cha upande mmoja hadi cha upande wa pili. Hakuna kamati iliyokaa. Watu walikuwa na kazi, kazi ikataka jina, jina likapatikana, nalo likaenea Afrika Mashariki nzima hadi likaingia kamusini. Istilahi za programu nazo zitazaliwa pale Kiswahili kitakapotumiwa kufanyia kazi yenyewe. Wanaosubiri istilahi zikamilike ndipo waanze kufundisha wanamsubiri mtoto ajue kuogelea ndipo aingie majini.

Pingamizi la tatu ndilo zito, na ndilo lisilosemwa mara nyingi katika majarida ya Kiswahili. Kiswahili si lugha mama ya mtoto wa Budalang'i. Je, kumwondolea Kiingereza na kumpa Kiswahili si kumvua joho la mgeni mmoja na kumvika la mgeni mwingine? Uaminifu unataka swali hili likubaliwe kabla ya kujibiwa. Palipo na mwalimu anayeweza kueleza sharti na kitanzi kwa Kinyala katika miaka ya mwanzo, afanye hivyo, na wanakiswahili wamshangilie badala ya kumnunia. Hata hivyo darasa la mpakani ni mchanganyiko wa lugha, na Kiswahili ndicho kikao wanachokutania wote. Ndicho lugha ya taifa, na tangu Katiba ya 2010 ndicho pia lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Kina vitabu, kamusi, walimu waliofunzwa, na wasemaji ng'ambo ya mpaka: baraza la mawaziri la Uganda lilikiidhinisha kuwa lugha rasmi mnamo Julai 2022. Somo lililoandikwa Budalang'i kwa Kiswahili linaweza kusomwa Tororo, Mwanza na Bukavu. Madai kwamba Kiswahili ni cha kila mtu yatakuwa na haki pale tu kitakapombebea mzigo yule aliye mbali na pwani.

Wajibu wa Wanakiswahili

Ni rahisi kuielekezea serikali kidole. Ukweli mchungu ni kwamba, kwa muda mrefu, wanakiswahili wameshughulika kubishana iwapo chombo hiki kiitwe kompyuta, tarakilishi au ngamizi, ilhali hawajamfundisha mtoto hata mmoja kukiamuru. Ubishi huo una nafasi yake, lakini umechukua nafasi isiyo yake. Makongamano hufunguliwa na kufungwa kwa azimio kwamba Kiswahili kitumike katika sayansi na teknolojia. Azimio hilo huandikwa vizuri, husomwa kwa sauti, kisha hurejeshwa katika kongamano linalofuata likiwa bikira.

Yapo mambo matatu yanayoweza kufanywa bila kusubiri bajeti ya mtu. Kwanza, vyama vya wanafunzi wa Kiswahili vyuoni vishirikiane na wanafunzi wa sayansi ya tarakilishi walio katika chuo kilekile, mara nyingi bweni lilelile, watunge kijitabu cha masomo kumi ya mwanzo. Masomo hayo yatoke katika maisha: kina cha mto, mizani ya samaki, zamu za kumwagilia mpunga katika skimu ya Bunyala, chenji ya muuza duka. Mwanaisimu aangalie usahihi wa lugha, mwanasayansi aangalie usahihi wa programu, na kila mmoja atajifunza kwa mwenzake.

Pili, wanafunzi wa uzamili na wahadhiri wao waipe mada hii nafasi katika utafiti. Tasnifu kuhusu maudhui na wahusika ni nyingi, nazo ni za thamani. Lakini lipo pengo kubwa katika kuchunguza namna wanafunzi wanavyoelewa sharti, kitanzi na thamani wanapoelezwa kwa lugha mbalimbali. Ni nani atalifanya hilo ikiwa idara za Kiswahili zitaliona kuwa la watu wengine? Hata tafsiri ya jumbe za makosa, ambayo huonekana kazi ndogo, ni kazi ya pragmatiki: kumwambia mtu amekosea bila kumvunja moyo.

Tatu, Kamisheni ya Kiswahili ya Afrika Mashariki, yenye makao yake Zanzibar, pamoja na mabaraza ya kitaifa, yachukue istilahi zitakazotoka katika matumizi hayo, yazilinganishe na kuzieneza. Utaratibu uwe huo: matumizi yatangulie, usanifishaji ufuate. Baraza likitangulia peke yake hupata orodha. Watumiaji wakitangulia, baraza hupata lugha.

Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba mwanafunzi anayeanza kuandika programu huko Budalang'i hubeba mzigo wa lugha mbili, kwamba mmoja wa mizigo hiyo umetokana na mazoea ya watu, na kwamba sarufi na fasihi ya Kiswahili vina zana za kuutua. Hayakudai kwamba Kiswahili kitajenga matuta, wala kwamba programu itauzuia Mto Nzoia. Lakini siku moja mtu ataandika programu itakayosoma kina cha mto huo usiku wa manane na kuwaamsha waliolala. Aliye na sababu kubwa zaidi ya kuiandika ni yule ambaye godoro lake limewahi kulowa. Itakuwa hasara kubwa ikiwa mtu huyo aliondoa mkono kwenye baobonye akiwa na umri wa miaka kumi na miwili kwa sababu mashine ilimkemea kwa lugha ya wengine, na wenye lugha yake walikuwa kongamanoni.

Ufa ungali mdogo, na udongo wa kuuziba ungalipo. Wenye Kiswahili na washike majembe.